Mwanajeshi wa Kijerumani Aliyeitwa Masereka

Nasikia sauti zenu, wafasiri wa filamu, kila nikipita karibu na vibanda vya video hapa Kasese. Mnazungumza mfululizo kama watu wanaokimbizwa. Bunduki ikilia, mnalia nayo. Mwanamke akinyamaza kwenye filamu, mnamjazia maneno. Siwalaumu, watu wanacheka, na kazi ni kazi. Lakini niliifanya kazi hiyo kabla ya wengi wenu kuzaliwa, na kila mkinikuta mnaniuliza ni filamu gani iliyonishinda. Leo nitawajibu, halafu mrudi kwenye vipaza sauti vyenu mfanye mtakavyo.

Nilitoka chuo kikuu Kampala mwishoni mwa miaka ya sitini nikiwa na digrii ya fasihi na tabia ya kubishana. Nilibishana na mapadri kuhusu mbingu, na wanasiasa kuhusu uhuru, na mama yangu kuhusu chumvi kwenye sombe, yale majani ya muhogo. Shule mbili zilinipa kazi, na zote mbili zilinichoka. Aliyenivumilia ni Hajji Twaha, mwenye malori yaliyobeba kahawa kutoka Kyondo. Alikuwa amegeuza ghala moja la kahawa karibu na stesheni ya reli kuwa ukumbi wa sinema, madirisha yamezibwa kwa magunia ili mchana uwe giza. Alihitaji mtu anayejua Kiingereza na asiyeona haya kusema peke yake mbele ya watu.

Watazamaji wetu walikuwa wachimba shaba, wafanyakazi wa reli, wanawake wa sokoni, wakimbizi, askari. Kila mtu na lugha yake. Kiswahili ndicho kilichotukusanya, tena Kiswahili cha kwetu, kilichochanika hapa na pale kikashonwa kwa Kikonzo na Kiganda. Nilisimama kando ya shuka nyeupe na kipaza sauti mkononi, nikawaambia watu wa kwenye filamu wanasema nini. Jumamosi tulikuwa Kasese. Siku ya soko tulipakia projekta na jenereta kwenye lori tukaenda Bwera, mpakani.

Aliyenifundisha kazi ni Paluku, mtu wa projekta. Alikuwa Mnande kutoka Butembo, Kongo, Mkatoliki wa kweli, aliyewahi kuwaonyesha watu filamu za misheni kabla ya vita kumvusha mpaka. Kabla ya kuwasha mashine aliipiga ishara ya msalaba. Nilimuuliza kama Mungu anajua kutengeneza balbu.

"Balbu hapana," alisema. "Lakini iko anajua mwenye kuuliza bya upuuzi."

Alinifundisha mambo ambayo bado nayaamini. Tazama filamu mara moja bila mtu, na bila sauti, uone macho ya watu yanasema nini kabla ya midomo. Usiseme juu ya bunduki, kwa maana bunduki haihitaji tafsiri. Farasi akionekana, pumzika unywe maji. Na kuhusu majina alikuwa na sheria moja, ambayo niliijua baada ya kuivunja.

Mnajua majina yetu. Sisi Wakonzo, na ndugu zetu Wanande wa ng'ambo, tunaitwa kwa mpangilio wa kuzaliwa. Mvulana wa kwanza ni Mumbere, wa pili Bwambale, wa tatu Masereka, wa nne Kule, na kuendelea. Kongo huyo wa tatu wanamwita Kasereka, lakini ni jina lilelile. Ukisimama katikati ya soko la Bwera ukaita Kule, utageukiwa na watu wa kutosha kujaza lori. Sasa, watu hawawezi kufuata filamu yenye majina ya kizungu, kwa hiyo sisi wafasiri tuliwabatiza upya wote waliotokea kwenye shuka. Mwanzoni kabisa, katika filamu ya wachunga ng'ombe wa Amerika, nilimbatiza mwizi mmoja Kule. Alichekesha sana, mpaka alipotiwa kitanzi shingoni. Safu nzima ya wanaume ilisimama.

"Mwalimu," mmoja aliniambia, "mimi nimenunua tiketi, halafu weye unaninyonga?"

Hajji ilimbidi atoe chai kwa wote. Baadaye Paluku, akisugua lenzi kwa kipande cha fulana, alinieleza sheria. "Mu sinema, mwenye kufa umupe jina yenye haina mama hapa." Tangu siku hiyo waliokufa wote waliitwa Joni, Jaki au Bili. Hakuna mama yeyote Kasese aliyemzaa Bili.

Paluku alikuwa na kitabu kimoja mbali na Biblia. Ni riwaya ya Mjerumani mmoja kuhusu vile vita vikubwa vya kwanza vya Ulaya, ya vijana wanaotolewa darasani kwa maneno matamu ya mwalimu wao, wanavalishwa buti, na wanakwisha mmoja mmoja. Chake kilikuwa cha Kifaransa, toleo la zamani, karatasi zimekuwa rangi ya chai, jalada limeshikwa kwa gundi ileile ya kuunganishia mikanda ya filamu. Kilikuwa cha Mbelgiji aliyeondoka Butembo kwa haraka. Mimi nilikuwa na hichohicho kwa Kiingereza, kilichochapwa Amerika, nilichokiokota kwa muuza vitabu chakavu Kampala.

Tulikigombania kitabu hicho kama watu wanaogombania mpaka wa shamba. Paluku alipenda zaidi mahali ambapo vijana wale, wakiwa wamepumzika mbali na mizinga, wanakaa uwanjani juu ya masanduku ya choo, suruali chini, wanacheza karata na upepo unawapuliza. Alisema hapo ndipo mwandishi alipomshika, kwa sababu mtu aliyetoka kwenye kifo hafurahii muziki, anafurahia kukaa chooni bila haraka. Nilimwambia ameota. Kitabu changu hakina masanduku wala karata.

Tuliweka vitabu viwili kwenye benchi, ukurasa kwa ukurasa. Kweli, kwake sehemu hiyo ilikuwepo na kwangu haikuwepo. Baadaye nilipata kusoma kwamba wachapaji wa kwanza wa Amerika waliikata, pamoja na ile ya mgonjwa hospitalini anayetembelewa na mkewe. Waliona haya. Nimekiheshimu kitabu kile zaidi tangu hapo. Watu waliovumilia kusoma matumbo yaliyopasuka hawakuvumilia kusoma choo; kwa hiyo aliyeandika choo alijua alichokuwa anakifanya. Ninyi mnaokata filamu ili zitoshee kwenye simu, jiulizeni kila siku mnakata nini.

Naye Paluku alishikilia kwamba mwisho wa kitabu kuna kipepeo. Alikuwa amewahi kuiona filamu yake misheni, zamani, ile ya nyeusi na nyeupe. Tulisoma ukurasa wa mwisho wa vitabu vyote viwili. Hakuna kipepeo. Kuna maneno machache tu, tena yanasemwa na mtu mwingine, kwamba kijana ameanguka. Paluku alifunga kitabu chake, akasema, "Bon. Basi kipepeo ni ya sinema."

Sasa niwaambie habari ya filamu yenyewe.

Ilikuwa mwanzoni mwa miaka ya sabini, askari wameshika nchi. Afande mmoja kutoka kambini alikuja kwa Hajji. Alikuwa mtu wa kaskazini, mzee kidogo kwa cheo chake, mwenye sauti ya kuamuru hata anapoomba maji. Jeshi lilitaka vijana. Jumamosi hiyo, alisema, vijana wa Kasese na Bwera wataingia sinema bure, wataona filamu ya vita, na wakitoka watakuta meza barazani waandikishwe wakiwa na moto.

"Filamu iwe na bunduki," alisema.

"Itakuwa na bunduki, Afande," alijibu Hajji, ambaye hakuwa na filamu yoyote ya vita. Alipeleka habari Kampala, na treni ikatuletea masanduku ya bati. Paluku alipofungua la kwanza akainua mkanda kwenye mwanga, alikaa chini. Ilikuwa ni ile ya kipepeo.

Tulimweleza Hajji ni filamu ya namna gani. Nilimwambia hata kwamba ilipoonyeshwa Ujerumani mara ya kwanza, wapenda vita waliachilia panya ukumbini ili watu wakimbie.

"Hapa panya iko tayari," alisema Hajji. "Tangu ilikuwa ghala ya kahawa. Wanaona sinema bure, hakuna aliyekimbia. Bunduki iko ndani?"

"Ziko."

"Basi tayarisha mashine."

Paluku hakucheka. Alikuwa na sababu. Wanawe wawili wa kwanza walibeba bunduki Kongo na hawakuonekana tena. Alivuka mpaka na wa tatu tu, Masereka, ambaye sasa alikuwa kijana mrefu anayepakia malori ya Hajji na kuchukia kila gunia. Masereka alikuwa ameshatangaza kwamba Jumamosi ataandikisha jina. Alitaka buti.

"Papa anazungushia bazungu mikanda," aliniambia kwa kejeli, akiwa amekaa juu ya magunia. "Na weye, Profesa, digrii yako inapigia farasi makelele. Miye nitavaa buti, batu banipishe njia."

"Na ukiambiwa umpige mtu usiyemjua?"

"Nitamwuliza jina kwanza," alisema, wenzake wakacheka.

Siku moja kabla ya onyesho Paluku alinifuata nikiwa najaribu kipaza sauti. Alisema, "Kesho, bale batoto ba mu filamu, ubape majina ya nyumba."

Nilidhani sikuelewa. "Wanakufa wote, Papa Paluku."

"Najua."

"Na yule mkubwa wao, anayekufa mwisho?"

"Uyu umwite Masereka."

Nilikataa. Kwanza ni sheria yake mwenyewe. Pili, kuita jina la mtu aliye hai katika kifo, tena baba mzazi ndiye anaomba, ni jambo ambalo hata mimi nisiyeamini kitu lilinisimamisha nywele. Tatu, nilimwambia kile ambacho nilikifikiri kwa dhati: kitabu hiki kilichapwa kwa lugha chungu nzima, filamu ikazunguka dunia, watu wakalia, na Wajerumani walewale wakarudi vitani, wakakichoma moto na kitabu chenyewe. Kama hakikuzuia lolote kule kilikoandikwa, kitamzuiaje kijana wa Kasese?

Paluku alinisikiliza mpaka mwisho. Hakuwahi kunikatiza nilipobishana.

"Bajermani, miye siwaombei," alisema. "Naomba mutoto moja tu."

Kisha akaongeza, "Nikimwambia mu nyumba, anasikia kelele ya muzee. Lakini akikufa mbele ya benzake, yeye akiwa anaketi mu kiti anakula karanga, pengine atasikia."

Sikumwahidi. Nilikwenda nyumbani bado nabishana, safari hii na mimi mwenyewe.

Jumamosi mchana ukumbi ulijaa mpaka mlangoni. Vijana mbele, wanawake wa sokoni nyuma, askari ukutani. Afande alikuwa na kiti chake karibu nami. "Mfasiri," aliniambia, "sema vizuri. Mimi nataka hawa watoke na roho ya simba."

Paluku aliipiga mashine ishara ya msalaba. Taa zikazimwa. Mwalimu akatokea kwenye shuka akiwahubiria wanafunzi wake, na kamera ikawapitia nyuso mmoja mmoja. Nilikuwa na kipaza sauti mdomoni na sikuwa nimeamua. Kisha nikawaona wale vijana jinsi walivyokuwa, masikio yametokeza, na nikamwona Masereka safu ya mbele akitafuna.

"Huyu ni Mumbere," nilisema. "Huyu Bwambale. Yule mwenye kucheka ni Kule. Na huyu mwenye macho makubwa ni Masereka."

Ukumbi ulifurahi. Vijana walipigana viwiko. "Masereka, umekuwa muzungu lini?" mmoja aliuliza. Mwingine, mwana wa seremala, aliuliza kwa nini Wajerumani wanasema Kiingereza, akajibiwa kutoka gizani kwamba kwenye sinema hata farasi wanakijua. Yule mwanajeshi anayewafundisha kwa ukatili, aliyekuwa mpeleka barua kabla ya vita, nilimwita Posta, na kila Posta alipoanguka kwenye matope hata askari wa ukutani walicheka. Afande alipiga goti lake kwa furaha.

Kisha Mumbere akakatwa mguu. Alikuwa na buti nzuri. Akafa, buti zikamwendea Bwambale, na Bwambale akatembea nazo akitabasamu. Vijana walicheka hapo, kwa sababu buti zile kweli zilikuwa nzuri. Bwambale akaanguka. Buti zikamwendea Kule. Kule naye akapanda ngazi ya handaki nazo, na hakushuka. Sikusema neno. Nilikuwa nimekwisha kuwapa majina. Nyuma, sauti ya mwanamke ikasema polepole, kama anayezungumza na mtu jikoni, "Zivue, mwanangu."

Afande aliinama kwangu. "Wewe. Nani alikuambia hawa ni watu wa hapa?"

"Ni desturi ya kazi, Afande. Bila majina hawafuati."

Alinitazama. Sikuona macho yake vizuri. "Endelea," alisema.

Niliendelea. Kuna mahali yule askari mzee, aliyewalea vijana na kuwatafutia chakula, anabebwa mgongoni na kijana wake akiwa ameshakufa, na kijana hajui, anaendelea kumpigia hadithi. Hapo nilimwona Afande akivua kofia. Huenda ni joto. Ukumbi ule ulikuwa na joto kali, na sikumwuliza.

Ikafika siku ya utulivu, jua, na kipepeo. Masereka wa kwenye shuka akamwona kipepeo karibu na kopo tupu, akaanza kunyoosha mkono nje ya handaki. Nimewaambia hakuna kipepeo kwenye kitabu, na nilikuwa nimejiandaa kuwadharau waliomweka. Siku hiyo nilielewa ni kwa nini walimweka. Unaona mkono tu. Mkono hauna taifa.

"Inama," mtu alisema.

"Masereka, rudisha mkono."

"Masereka, lala chini, yuko mwenye bunduki pale."

Wanawake wa sokoni walikuwa wamesimama. Walimwita kama wanavyoita mtoto aliye karibu na moto, bila kupiga kelele, wengi kwa pamoja. Risasi ikalia. Mkono ukashtuka, ukatulia. Nilishusha kipaza sauti. Paluku aliuacha mkanda uende, na vijana wa darasa lile wakatokea tena wakitembea kwenda mbali, kila mmoja akigeuka kututazama, juu yao makaburi.

Hakuna aliyepiga makofi. Safu ya mbele watu walimtazama Masereka, kisha wakaacha kumtazama. Karanga zilikuwa bado mkononi mwake.

Nje jua lilituumiza macho. Meza ilikuwa barazani, Afande amekaa, kalamu mkononi. Sitawadanganya: mstari ulikuwepo. Mfupi kuliko alivyotarajia, lakini ulikuwepo, na baadhi ya walioandika siku ile hatukuwaona tena. Na Masereka alikuwa katika mstari. Alikuwa kijana wa kiburi. Ameshasema mbele ya wenzake kwamba ataandika, basi angeandika. Paluku alisimama kwenye mlango wa ukumbi akiwa na mkanda wa mwisho mikononi. Alikuwa ameshasema alichoweza kwa kinywa changu.

"Jina," Afande alisema bila kuinua kichwa.

"Masereka."

Kalamu ilisimama. Afande aliinua macho, akamtazama kuanzia utosini hadi kwenye kandambili.

"Masereka amekufa," alisema. "Mimi mwenyewe nimeona."

Askari wakacheka. Masereka alisogelea meza. "Basi andika Kasereka, Afande. Kongo tunasema Kasereka."

"Huyo pia amekufa. Jeshi haichukui maiti. Toka hapa, marehemu. Mwingine!"

Masereka alisimama pale kidogo, akingoja kama kuna amri nyingine. Kisha akatoka kwenye mstari, akapita mbele ya wenzake wanaocheka, akaenda mlangoni, akampokea baba yake ule mkanda.

Nimejiuliza miaka yote kama yule Afande alifanya utani au alifanya huruma. Nimejiuliza kama alijua Paluku ni nani. Mimi ni mtu wa kuuliza kila kitu, na hili nililiacha bila kumtafuta anijibu, kwa sababu baada ya muda mfupi alihamishwa, na kwa sababu nyingine ambayo mtaielewa mkizeeka.

Mwisho wa miaka ile ya sabini waliitengeneza tena filamu hiyo, kwa ajili ya televisheni, kwa rangi. Niliiona baadaye kwenye kibanda cha video. Humo kijana anachora ndege badala ya kumnyooshea mkono kipepeo. Ni filamu nzuri, imetengenezwa kwa heshima, na damu yake ni nyekundu. Lakini mfasiri alisema kuanzia mwanzo hadi mwisho, hata ndege alimfasiria. Nilitoka kabla ya risasi.

Kitabu cha Paluku ninacho mimi. Alinipa kabla hajafariki, kile cha masanduku ya choo, akachukua changu cha Kiamerika azikwe nacho, akasema huko aendako wasije wakaona haya.

Mwanawe aliendesha lori la Hajji kwa miaka mingi, halafu akapata kiwanja cha mpunga Mubuku. Jina Masereka lilimtoka siku ileile. Kasese nzima ilimwita Marehemu, na hata mkewe anamwita hivyo. Nikifika kwake naulizia mlangoni, wajukuu wananijibu, "Marehemu yuko shambani, anafukuza ndege." Namkuta amesimama kwenye maji hadi magotini, peku, anarusha madongo, kichwa cheupe kwa mvi. Yule kijana wa Kijerumani, kwenye kitabu na kwenye filamu zote mbili, hakuota hata mvi moja.